Mguu wa Mumbere

Harufu ndiyo iliyonikalisha chini. Tulikuwa tumemzika baba, wageni wa matanga wamepungua, na mama akanituma nitoe nguo sandukuni tuangalie zipi za kugawa. Nilipoinua kifuniko ikanipanda puani ile dawa ya kuchua ya kopo dogo jekundu, iliyotoka kwa Wachina, ambayo sisi wote wa Butembo tuliiita baume. Kopo lenyewe lilikuwa tupu, limeshika kutu, limeviringishwa ndani ya suruali yake ya michezo ya buluu. Nikakaa kitandani mwake, mtu mzima mwenye watoto na duka la vitenge kule Beni, nikachoka ghafla, uchovu ule ambao usingizi hauumalizi. Nje nilimsikia kaka yangu Mumbere akikusanya viti vya kukodi. Hatua zake huwezi kuzikosea: moja nzito, moja ya kuburuta.

Niwaambie mapema ili msihangaike kukisia: mguu huo haukuwahi kuwa na ugonjwa wowote. Baba ndiye aliyemfundisha kuchechemea. Alimfundisha kama alivyofundisha kila kitu, kwa kuhesabu na kurudia, mpaka mwili usahau kwamba uliwahi kujua jambo jingine. Nyumbani walijua wote. Mimi peke yangu sikuambiwa, na hiyo ndiyo habari yangu.

Baba alikuwa mwalimu wa michezo. Zamani za Zaire, serikali ilipofanya urafiki na wakomunisti wa mbali, vijana walichaguliwa wakasome kwao, na yeye kwa kuwa alikuwa na mbio akapelekwa Rumania. Wengine walirudi na udaktari na uhandisi. Yeye alirudi na filimbi, suruali ya buluu, beji yenye picha ya mtu anayekimbia, na imani. Siwezi kuiita jina jingine. Alitusimulia Rumania kama mchungaji wetu alivyosimulia Yerusalemu mpya. Kule, alisema, asubuhi redio inahesabu na nchi nzima inanyoosha mikono. Wafanyakazi wa kiwandani wanaacha mashine na kuinama pamoja, bibi mwenye mvi na kijana, wote. Siku ya sikukuu uwanja unajaa watu maelfu wanaoinuka na kulala kwa mpigo mmoja, na huoni mtu, unaona kitu kimoja kinapumua. Mimi nilikuwa mdogo kiasi kwamba niliamini Rumania ni mahali watu wasipougua. Nilimuuliza kama bibi yetu aliyekufa alikwenda huko.

Kwa hiyo nyumba yetu iliamka kwa filimbi. Wenzangu mliokulia Butembo mnaikumbuka baridi ya asubuhi, ukungu umelala bondeni, moshi wa miti ya eucalyptus unang'ang'ania paa. Sisi tulikuwa uani na kaptula, tumejipanga kwa urefu, tunahesabu kwa Kirumania, unu, doi, trei, patru, huku wasukuma chukudu wakipita barabarani na mikokoteni yao ya mbao iliyojaa makaa, wakituangalia kwa huruma. Mama peke yake aliruhusiwa kubaki jikoni, kwa sababu alimwambia baba kwamba sombe, majani ya mihogo anayotwanga kila siku, inamtosha. Na baba alikuwa na sentensi moja aliyoipenda kuliko zote. Mtu akilalamika kwamba amechoka, alisimama mbele yake na kusema, kwa Kiswahili chetu cha Butembo ambacho watu wote ni batu bote:

"Mwili yako haiko yako peke yako. Iko ya batu bote."

Mumbere hakulalamika kamwe. Alikuwa kifungua mimba, ana miguu kama nguzo na mabega ambayo mama aliyashonea shati mara mbili kwa mwaka. Shuleni, baba alipojenga piramidi ya watoto, Mumbere alikaa chini kabisa katikati, wenzake wakapanda mapajani na mabegani mwake mpaka kile kitoto chepesi kinachosimama juu na kufungua mikono. Piramidi haikutikisika. Wazazi walikuja kuangalia, hata wale waliosema kwamba mambo ya wakomunisti hayamjui Mungu. Nilimpenda kaka yangu kwa namna ambayo sijampenda mtu mwingine tangu hapo, na sioni aibu kulisema.

Kisha vita vikaja, au tuseme vita vikabadilisha nguo, kwa maana kila msimu vilikuwa na jina jipya na herufi nyingi ukutani. Waliotukomboa walikombolewa na wengine. Sisi watoto tuliwatofautisha kwa viatu: wa buti za mpira na wa buti za ngozi. Wote walihitaji kula, na wote walihitaji vijana. Tulijua wenzetu waliopandishwa garini wakienda Beni, wakienda Eringeti, wakienda kusikojulikana, na neno kadogo, ambalo kwingine ni kitu kidogo tu, kwetu likawa mtoto mwenye bunduki.

Siku moja komanda mmoja alikuja shuleni kuona gymnastique, yale mazoezi yetu ya viungo. Alikuwa wa buti za ngozi, mpole, mwenye miwani, na wakubwa walisema ametoka kwenye mafunzo ya itikadi. Baba alifurahi kama mtoto. Hatimaye mtu mkubwa anaelewa! Alivaa beji. Filimbi ikalia, mistari ikainuka na kulala, vumbi jekundu likapanda kwa mpigo mmoja, na mwisho piramidi ikasimama na Mumbere chini akitabasamu chini ya uzito wa watu. Komanda alipiga makofi. Akazunguka piramidi taratibu, akainama, akaminya paja la kaka yangu kwa vidole viwili, kama mama anavyopima ndizi sokoni.

"Mwalimu, félicitations," alisema. "Unajua, hii mwili ya batoto haiko yabo. Iko ya batu bote. Iko ya révolution. Tutarudia kubaona."

Nilikuwa karibu, nimesimama na wadogo wa darasa langu, na niliona uso wa baba. Nilidhani amejisikia vibaya kwa jua. Filimbi ilikuwa mdomoni, na watoto walioko juu ya piramidi walikuwa wakingoja ishara ya kushuka, miguu inaanza kutetemeka, naye hapulizi. Mpaka Mumbere akaguna kutoka chini, "Papa." Hapo ndipo akapuliza. Miaka yote nimejiuliza aliona nini pale. Nadhani alisikia sentensi yake ikitoka katika mdomo wa mtu mwingine na akaielewa kwa mara ya kwanza.

Kesho yake niliambiwa kwamba Mumbere ameanguka akikata majani ya mbuzi, na mguu wake umeharibika kwenye nyonga. Nililia mpaka nikatapika. Filimbi haikulia tena asubuhi. Badala yake baba alijifungia na Mumbere chumbani kabla ya kifungua kinywa, na kutoka nyuma ya mlango ilikuja harufu ya baume, na sauti ya baba ya chini akihesabu: unu, doi, trei. Nilidhani ni maombi. Mchungaji naye aliombea wagonjwa kwa lugha tusizozijua, na watu walipona, kwa hiyo nilikaa mlangoni nimefumba macho na kusema amina kila baba aliponyamaza kidogo.

Leo najua kilichoendelea mle ndani, kwa sababu Mumbere amenieleza. Baba alianza na kiatu: alisugua kisigino cha upande mmoja kwenye jiwe ili kionekane kimeliwa na mwendo. Akamfunga ukanda pajani. Akamfundisha bega lipi lishuke, mkono upi uning'inie, jinsi ya kugeuka, jinsi ya kukaa, jinsi ya kuamka mtu akikuita ghafla, kwa sababu askari wanapenda kuita ghafla. Alimwambia kwamba mlemavu wa uongo anakumbuka mguu wake, wa kweli ameuzoea. Basi wakarudia mpaka uzoeleke. Hiyo baume ilikuwa ya misuli ya upande ule mzima, uliobeba kazi yote.

Walikuja kweli. Ilikuwa mchana, tunakula fufu, na walikuwa wachache tu, mmoja wao karibu rika la Mumbere. Mkubwa wao hakusalimia.

"Kijana iko wapi? Ule wa piramide."

Mumbere akainuka kwa fimbo yake.

"Wacha fimbo. Tembea."

Alitembea kutoka ukutani mpaka mlangoni. Baba aliangalia chini. Mkubwa akacheka, akasema wameona vilema wengi wanaopona wakishachapwa, na akavua mkanda. Hapo mimi niliinuka. Hakuna aliyenituma, na hilo ndilo linalonichosha mpaka leo. Nilimkumbatia kaka yangu kwenye ule mguu nikapiga kelele kwa roho yangu yote.

"Hapana mumupige! Muguu yake ilikufa! Niko naomba kila siku, Mungu hayamuponyesha bado!"

Nililia kamasi na machozi. Yule askari kijana akageuza uso, akasema kwa Lingala, "Tika ye," mwache huyo. Mkubwa akanitazama muda mrefu, akafunga mkanda wake, wakaondoka na mbuzi. Mama alinibeba mpaka jikoni na kunibana kifuani akitetemeka. Nilidhani anatetemeka kwa hasira ya mbuzi.

Tangu siku hiyo nikawa mwombaji. Jumatano kwenye maombi ya watoto, Jumapili, kabla ya kula, njiani kwenda kuchota maji, niliomba mguu wa Mumbere. Mama mmoja wa kwaya aliniita nabii mdogo. Baba na mama waliniacha niombe. Hawakunisukuma, hilo naweza kuapa, lakini waliniacha.

Kisha ikaja siku ya risasi sokoni. Nilikuwa nimekwenda na Mumbere kununua chumvi. Haikuwa na utangulizi wowote: mlio, kisha meza za nyanya zinapinduka, akina mama wanaacha kanga zao, kila mtu anapanda kilima. Mimi nilianguka. Mkono ukaniokota, nikatupwa mgongoni, na mgongo huo ukakimbia. Nilijua ni wa nani kwa harufu ya baume. Ulikimbia! Uliruka mfereji, ukapita kati ya mikaratusi, ukapanda ile njia ya mawe ambayo hata chukudu tupu husukumwa na watu wawili, na mimi juu yake naruka kama mtoto wa piramidi, nasikia pumzi zake, na sikuwa na hofu kabisa. Nilikuwa nacheka. Fimbo ilibaki sokoni. Mungu alikuwa amenijibu, katikati ya risasi, kwangu mimi.

Nyuma ya ukuta wa tofali, juu kabisa, alinishusha. Macho yake yalikuwa makubwa.

"Masika, hapana kuambia mutu. Unasikia? Hata mutu mumoja."

Nikakubali kwa kichwa. Lakini nilikuwa mtoto wa Shule ya Jumapili, na nilijua vizuri habari hizi zinavyokwenda. Yesu anamponya mtu mwenye ukoma, anamkataza asimwambie mtu, na yule mtu anatoka anatangaza kila mahali. Vipofu wawili, vilevile. Mwalimu wetu alitufundisha kwamba furaha ya kweli haifichiki. Katika akili yangu, kukatazwa ndiyo ilikuwa alama kwamba muujiza ni wa kweli, na kutangaza ilikuwa kazi inayofuata.

Jumapili ulipofika wakati wa ushuhuda, nikatoka kwenye benchi la watoto. Kanisa lilijaa, na nyuma kabisa walikaa wale wa buti za ngozi, bunduki zimesimama katikati ya magoti. Mchungaji akanishika bega akatabasamu.

"Bwana asifiwe," nikasema. Wakaitikia. "Mungu ameponyesha kaka yangu. Nilimuona anakimbia. Alinibeba ku mugongo, tukapanda kilima, fimbo hakuna."

Nilitegemea vigelegele. Niliona mama ameweka mkono mdomoni. Niliona baba amekaa wima kabisa, kama siku ile ya piramidi, haongozi kitu. Nyuma benchi likalia, askari mmoja ameinuka kuona vizuri.

Mumbere akatoka upande wa wanaume. Alikuwa na fimbo mpya, mama alimkatia. Alikuja mbele kwa ule mwendo, bega chini, kiatu kikiburuta saruji, na kanisa zima likausikia kila mburuto. Akaniwekea mkono kichwani. Mkono ulikuwa na baridi.

"Munisamehe, bapendwa. Huyu mutoto ananipenda sana, donc anaona kile anataka kuona. Muangalie bote."

Akaiacha fimbo ianguke. Akainua mguu kama mtu anayejaribu, akapiga hatua, na akaanguka kifudifudi bila kunyoosha mikono. Uso ulipiga saruji. Nilisikia jino. Akina mama wakaguna pamoja, na kutoka nyuma sauti moja ikasema, "Mawa," ambayo kwa Lingala ni masikitiko, kisha benchi likalia tena, yule mtu amekaa.

Baba alikuja kumwinua. Mimi nilisimama pale nikitazama damu mdomoni mwa kaka yangu, na nilimchukia Mungu. Naandika hivi bila kupunguza. Alinipa, kisha akaninyang'anya mbele ya watu. Nilingoja kuchapwa nyumbani, na hakuna aliyenichapa. Mama alinipa chai yenye sukari nyingi. Baba alitoka uani, akakaa kwenye jiwe lililosugua kile kiatu, akaniita, akanipakata ingawa nilikwisha kuwa mkubwa kwa hilo.

"Masika," alisema, "weye endelea tu kuomba."

Niliendelea. Niliomba kwa mdomo, kwa sababu baba amesema, lakini hakukuwa na mtu ndani yake. Hakuna aliyegundua tofauti.

Nilikuwa msichana wa kuchumbiwa mama aliponiambia. Tulikuwa tunamenya mihogo. Vita vile vilikuwa vimeisha, yaani vilikuwa vimehamia kwa watu wengine, na nilisema tu kwamba Mumbere angepata mke haraka kama angekuwa mzima.

"Ule muguu?" mama akasema bila kuinua macho. "Haikukuwaka na kitu. Ni papa yako alimufundisha."

Nilikwenda kwa baba na kisu bado mkononi. Nikamuuliza kwa nini walinificha. Alikuwa ameacha michezo siku nyingi, anafundisha jiografia, amenenepa. Alinijibu kama mwalimu anayejua jibu, na anajua kwamba haliponyi moyo.

"Kama tulikuwa tunakuambia, haungelia vile. Bale baaskari balikuwa banajua kilio ya uongo. Ya kweli ilikuwa yako tu."

Alisema kweli. Kaka yangu yuko hai na wenzake wengi wa piramidi ile hawako. Nimeipima hiyo hesabu miaka mingi, na kila mara inatoka vilevile, na kila mara nabaki na hasira isiyo na mahali pa kuiweka.

Wala mguu haukurudi. Amani ilipotulia kidogo, baba alitoa filimbi, akamtoa Mumbere uani, akamwambia nyoosha, inua, unu, doi. Kaka yangu alijaribu kwa moyo wote. Akifikiria, alitembea vizuri. Akiitwa jina, akipita karibu na sare yoyote, hata ya mlinzi wa benki, bega lilishuka lenyewe. Siku moja aliweka mkono juu ya mkono wa baba ulioshika filimbi.

"Papa, wacha. Ulifundisha muzuri. Mwili ilishika."

Baba akaiweka filimbi mfukoni. Sikuisikia tena.

Tulimzika upande wa pili wa kilima, kwenye njia inayoshuka vibaya. Wabebaji walikuwa wanafunzi wake waliobaki, wanaume wenye vitambi na mvi, mmoja ana lori linalokwenda Kasindi. Mumbere alikataa kukaa kando. Alishika mbele, kushoto. Hatua chache tu, jeneza likaanza kuyumba, linashuka upande wake na kuinuka, linashuka na kuinuka, na tulisikia baba akigonga mbao ndani. Watu wakaanza kunong'ona kwamba atolewe. Mumbere aliangalia mbele, jasho linamtoka, mguu unaburuta, na nilijua kwamba anajitahidi kuunyoosha na haunyooki, kwa sababu barabarani palikuwa na askari wamesimama wakitutazama.

Yule wa lori, aliyekuwa nyuma yake, ndiye aliyekuwa akisimama mapajani mwake zamani katika piramidi. Akaanza kuhesabu polepole, kwa sauti ya chini. "Unu. Doi." Akashusha bega. Akaburuta mguu. Wa upande wa pili akamfuata, kisha wote, kila mtu bega chini kwa mpigo mmoja, hatua nzito, hatua ya kuburuta. Jeneza likatulia. Likashuka kilima chote bila kutikisika.

Mama akanishika mkono. "Leo lia kilio yako mwenyewe, Masika," akasema, nami nikalia.